Uyoga mwekundu juu ya gogo la mwembe

Ndugu Mshauri,

Assalaam alaykum. Mimi ni mama wa watoto wanne, mkaazi wa Konde, Pemba, na jambo ninalokuandikia mwengine anaweza kuliona dogo, lakini hapa kwetu limeshaifanya nyumba moja iwe na maoni manne.

Nyuma ya banda letu la mbuzi palikuwa na mwembe mkongwe ambao uliangushwa na upepo wa kusi mwaka juzi. Shemeji yangu, ambaye ni mvuvi, aliyakata matawi tukayatumia kwa kuni, na gogo akaliacha pale pale juani kwa nia ya kumwita fundi aje kulichonga mtumbwi pindi pesa zitakapopatikana. Pesa hazijapatikana, na gogo limeshanyeshewa na masika mawili. Safari hii, mvua zilipopungua, tulikuta limeota uyoga wa rangi ambayo sijapata kuiona katika uyoga: rangi ya chungwa lililoiva, na pengine wekundu kama wa ganda la shokishoki, juu na chini. Umejipachika ubavuni mwa gogo mfano wa sahani zilizokatwa nusu, hauna kikonyo, na ukiukunja unakaza kama soli ya kandambili. Nikiugeuza naona chini yake vitundu vidogo mno, kama kwamba mtu ametoboa kwa ncha ya sindano.

Wifi yangu aliuchuma ukajaa pakacha. Nilipokuwa nauosha niliona kwamba baadhi yake, hasa ule uliochumwa chini kabisa, gogo linapogusana na udongo, ni laini na unavunjika mkononi, una kikonyo cha urefu wa kidole, na chini ya kofia yake mna matamvua kama ya samaki. Rangi ni ile ile ya chungwa, kwa hiyo nikajua kwamba huo ni mchanga na haujakomaa.

Sasa wifi anataka tuupike kwa tui, kwa sababu jirani yetu aliyetoka bara amemwambia kwamba kwao uyoga wa porini ni mboga ya kila masika. Ameshauchemsha kidogo pamoja na kitunguu saumu na pete ya fedha, na pete haikugeuka rangi, na isitoshe mbuzi wetu mmoja alionekana akiutafuna na mpaka leo ni mzima. Mama mkwe hataki upikwe, ila anataka ukamuliwe maji ya kumtia mwanangu wa mwisho machoni, kwani macho yanamuuma, naye amesikia tangu utotoni kwamba maji ya uyoga ni dawa ya macho iliyotajwa na Mtume, sala na amani zimshukie. Shemeji hana haja na uyoga wenyewe, anachouliza ni kama gogo lake limeharibika. Mimi nimeuweka juu ya uchaga jikoni na nimemkataza kila mtu kuugusa mpaka nipate jibu lako. Ni uyoga gani huu, na tuufanyeje?

Mama wa Wanne, Konde

JIBU

Wa alaykumu salaam, Mama wa Wanne.

Uliouweka juu ya uchaga usipikwe, na maji yake yasiingie katika jicho la mtoto. Naanza na hilo kabla ya maelezo kwa sababu barua husomwa kwa utulivu lakini chungu hakisubiri. Usiutupe pia, bali utie katika karatasi au kikapu mahali pasipofikiwa na watoto, kwa kuwa tutauhitaji.

Nimeisoma barua yako mara tatu, na kila mara nilisimama katika sentensi moja, ile unayosema kwamba uyoga laini wenye matamvua ni mchanga wa ule mgumu wenye vitundu. Hapo ndipo kosa lilipo, na ni kosa ambalo mtu yeyote angelifanya kwa kuwa rangi zinafanana na gogo ni moja. Uyoga hauanzi na matamvua ukaishia na vitundu, kama ambavyo changu hakui akawa pweza. Umbo la upande wa chini, ambako vijimbegu vya uzazi hutengenezwa, ni la ukoo wake tangu unapochomoza. Wenye vitundu huchomoza na vitundu, na wenye matamvua huchomoza na matamvua. Kwa hiyo ndani ya pakacha la wifi yako mna uyoga wa aina mbili zisizo na udugu wa karibu, na hakuna jibu moja linaloweza kuzitosheleza zote mbili.

Wa kwanza naweza kukutajia jina nikiwa na matumaini makubwa, ingawa sijaushika, kwa sababu umeueleza vizuri kuliko wanafunzi wengi niliowahi kuwasomesha. Rangi ya chungwa hadi nyekundu juu na chini, umbo la nusu sahani lisilo na kikonyo, wembamba wenye ugumu wa ngozi, vitundu ambavyo jicho linaviona kwa taabu, gogo lililokufa na lililo wazi juani: hizo zote ni sifa za uyoga ambao wataalamu wanauita Trametes sanguinea, na ambao katika maandishi mengi bado unaitwa kwa jina lake la zamani, Pycnoporus sanguineus. Neno hilo la pili ni la Kilatini lenye maana ya damu, na Linnaeus, mtaalamu wa mimea wa Sweden, ndiye aliyeupa mwaka 1763. Unapatikana katika nchi nyingi za joto duniani, na tofauti na uyoga mwingi unaotafuta kivuli, huu hustahamili jua kali, ndiyo maana huonekana kwenye magogo ya mashamba yaliyokatwa miti na hata kwenye nguzo za ua. Kuuhakikisha ni rahisi: uchane mmoja katikati utazame nyama ya ndani, nayo itakuwa na rangi ya chungwa vile vile, kisha utazame ile ya zamani iliyokaa juani miezi mingi, utaona imepauka sehemu ya juu huku chini ikibaki na rangi yake.

Huo haujulikani kuwa na sumu ya kuua, lakini hauhesabiwi kuwa chakula, kwa sababu hata ukichemshwa kutwa nzima utabaki kuwa ngozi. Rangi yake inatokana na kemikali ambayo kubwa yake inaitwa sinabarini, na watafiti wameichunguza kwa uwezo wake wa kuzuia bakteria. Wenyeji wa asili wa Australia walikuwa wakiutia mdomoni kwa vidonda vya kinywa. Nayataja hayo kwa sababu najua mtu atayasikia kwengine akayafanya hoja, na mimi natoa hoja yangu mapema: kuzuia bakteria katika kisahani cha maabara si ruhusa ya kumtibu mtoto nyumbani.

Wa pili ndio unaonikosesha usingizi. Uyoga laini, wa rangi ya chungwa, wenye kikonyo na matamvua, unaoota kwenye mti unaooza karibu na udongo, unaweza kuwa wa jamii kadhaa, na hakuna hata moja kati ya zile ninazozifikiria ambayo ningependa kuiona katika sufuria yako. Ipo jamii ya Gymnopilus, ambayo imeenea sana katika nchi za joto, yenye uchungu mkali na unga wa rangi ya kutu, na baadhi yake huvuruga akili ya mlaji. Ipo jamii ya Omphalotus, ambayo humtapisha mtu vibaya sana muda mfupi baada ya kuila, na ambayo ina ajabu moja, kwamba matamvua yake mabichi huweza kutoa mwanga hafifu gizani. Wapo pia wadogo wa rangi ya kahawia au ya asali wa jamii ya Galerina, ambao nao hupenda mti uliooza na ambao baadhi yao wana sumu inayoua ini, nitakayoieleza mbele. Kwa barua tu siwezi kuchagua kati ya hawa, na hata ungenitumia picha ya juu ya kofia pekee nisingeweza.

Unaloweza kufanya ni hili. Nenda kwenye gogo asubuhi, utafute mmoja mbichi wenye kofia iliyofunguka, uung'oe pamoja na kitako chake chote kwa ncha ya kisu, usiukate juu ya udongo, kwa maana alama muhimu mara nyingi hujificha hapo chini. Kata kikonyo, kisha ulaze kofia, matamvua yakiangalia chini, juu ya karatasi ambayo nusu yake ni nyeupe na nusu umeipaka masizi ya chungu, halafu uifunike kwa bakuli na kuiacha hadi asubuhi ya pili. Ukiinua kofia utakuta vijimbegu vimeanguka vikachora matamvua yote mstari kwa mstari, kama mshipi ulionyooshwa kwa unga. Ukiwa ni unga mweupe au wa krimu utauona upande wa masizi, na ukiwa wa kutu utauona upande mweupe. Rangi hiyo ndiyo itakayomsaidia mtaalamu kufunga milango mingi kwa mara moja, lakini kwako wewe isiwe ruhusa ya kupika, kwani unga wa kutu unapatikana kwa Gymnopilus na kwa Galerina pia.

Niseme neno juu ya ushahidi wa wifi yako, na namwomba asinichukie. Pete ya fedha haigeuzwi rangi na sumu ya uyoga. Fedha huwa nyeusi ikikutana na misombo ya salfa, na kama pete ingekuwa nyeusi ningekilaumu kwanza kitunguu saumu, ambacho chenyewe kina salfa. Kuhusu mbuzi, ningeuliza kwanza alikula upi kati ya hizo mbili, na baada ya hapo ningesema kwamba tumbo la mbuzi si tumbo la mtu. Mfano mzuri tunao wenyewe: kima punju wa Unguja hula majani ya mwembe na ya mkungu, yenye kemikali ambazo humsumbua tumbo, kisha huenda kutafuta makaa kwenye visiki vilivyoungua na kuyatafuna ili yazifyonze kemikali hizo. Mtu akimwona anakula majani tu, bila ya kumfuata mpaka kwenye makaa, atatoka na mafundisho ya hatari. Konokono nao hula uyoga unaoua watu na wakaendelea na safari yao.

Jirani yenu wa bara hakusema uongo. Huko bara, katika misitu ya miombo, watu wanaujua uyoga wao tangu utotoni, hasa ule mkubwa unaoota juu ya vichuguu vya mchwa, wa jamii ya Termitomyces, ambao ni mtamu kweli. Lakini ujuzi huo ni wa uyoga ule, katika ardhi ile, alioonyeshwa na mama yake kwa mkono. Huwezi kuuhamishia kwenye gogo la Konde kwa sababu tu vyote viwili vinaitwa uyoga. Kama wifi anautamani, uko uyoga wa kupandwa, ule wa rangi ya chaza unaooteshwa katika majani makavu na maganda, na ukipikwa kwa tui na bizari kidogo hautomfanya aukumbuke huu.

Nawaeleza na dalili, kwa sababu hapa ndipo watu hupoteza wakati. Uyoga unaotapisha haraka, ndani ya saa mbili au tatu, mara nyingi hutesa bila ya kuua. Ule unaoua huchelewa. Sumu inayoitwa amatoksini haiondoki kwa kuchemshwa wala kwa kukaushwa, na mlaji hukaa saa 6 hadi 24 akiwa mzima kabisa, ndipo aanze kutapika na kuharisha. Baada ya hapo hupata nafuu ya siku moja au mbili ambayo huwafurahisha watu wa nyumbani, huku ini linaharibika kimya kimya. Kwa hiyo ikiwa kuna yeyote aliyeonja mchuzi ule wa kitunguu saumu, hata kwa ncha ya ulimi wa kijiko, apelekwe hospitali leo bila ya kungoja aumwe, na achukuliwe pamoja na uyoga uliobaki, mbichi na uliochemshwa. Mkifika mwambieni daktari saa aliyokula. Msimlazimishe kutapika nyumbani.

Nafika kwa mama mkwe, ambaye nampa heshima yake, kwa kuwa alichokisikia utotoni kina asili sahihi. Hadithi ipo, iliyopokewa katika vitabu vya kutegemewa, kwamba kam'a ni katika manna na maji yake ni shifaa ya jicho, na baadhi ya waliofasiri kwa Kiswahili waliandika uyoga kwa kukosa neno lililo karibu zaidi. Lakini kam'a ambayo Waarabu waliijua na wanaijua hadi leo ni kitu kinachozaliwa chini ya mchanga wa jangwa baada ya mvua, mviringo mfano wa kiazi, kisicho na kofia wala kikonyo, ambacho huchimbuliwa kwa mkono. Hakioti gogoni. Hata wanavyuoni walioishereheshea hadithi hiyo wamezungumza kwa urefu juu ya namna maji hayo yanavyotumiwa, na hawakusema kila kinachoota baada ya mvua kikamuliwe. Mwanao ana macho yanayouma, apelekwe kituo cha afya, na jicho lisafishwe kwa maji safi yaliyochemshwa yakapoa. Kuhusu kuushika uyoga, msiogope. Sumu ya uyoga hufanya kazi ikiliwa, na kwa aliyeugusa tu sabuni inatosha.

Limebaki gogo, na hapa nina habari isiyomfurahisha shemeji. Kile mnachokiona nje ni tunda tu. Kuvu wenyewe ni nyuzi nyembamba kuliko za buibui zilizotawanyika ndani ya mti, na kuukwangua uyoga hakuuondoi, sawa na kuchuma embe kusivyoung'oa mwembe. Aina hii ya Trametes husababisha uozo mweupe: nyuzi zake hutoa vimeng'enya vinavyovunja lignini, ile gundi ngumu inayoufanya mti uwe mti, na unaobaki ni mti mwepesi, uliopauka, unaochanika kwa nyuzi nyuzi. Miembe huchongwa mitumbwi kwetu kwa sababu vigogo vyake ni vinene, si kwa sababu mti wake unashinda kuoza, na gogo lililolala juu ya udongo misimu miwili ya mvua bila ya kubanduliwa ganda limeshatoa nafasi kubwa.

Hata hivyo asilikatie tamaa kabla ya kulipima. Alibandue ganda pale uyoga ulipoota na hatua moja kila upande, kisha aligonge kwa kitako cha tezo: mti mzima hulia kwa ukali, uliooza hujibu kwa sauti ya kufa kama anayegonga godoro. Achome na msumari mrefu mahali kadhaa, hasa kwenye ncha zote mbili na upande uliolalia udongo, na pale msumari unapozama kwa mkono bila ya nyundo ajue pameshakwisha. Ikiwa uozo uko ubavu mmoja tu na haujazidi upana wa vidole vitatu kwenda ndani, fundi mzuri anaweza kuufanya ubavu huo uwe ule wa juu unaochimbwa na kutupwa, na kuuacha upande mzima uwe tumbo la mtumbwi. Ikiwa umeingia mpaka kwenye moyo wa gogo, bora apate kuni leo kuliko kulipa ujira wa fundi kwa chombo kitakachovuja.

Kwa mikarafuu yenu, maana najua swali hilo linakuja ingawa hukuliandika: kuvu hii hula mti uliokufa, na haitoki gogoni ikaenda kuua mkarafuu ulio hai. Ule ugonjwa wa mikarafuu kufa ghafla unaletwa na kuvu nyengine kabisa, Valsa eugeniae, ambayo haiotezi sahani nyekundu za kuonekana kwa mbali.

Sampuli za aina zote mbili ziwekwe mbali mbali, kila moja katika mfuko wake wa karatasi, zikaushwe kivulini penye upepo na ziandikwe tarehe, mti zilipoota na rangi zilipokuwa mbichi, kwa sababu rangi hubadilika. Msitumie mifuko ya plastiki, ambayo hapa Zanzibar imepigwa marufuku na ambayo pia huuozesha uyoga haraka. Karatasi ya unga wa vijimbegu ikunjwe na iwekwe pamoja nazo. Mkabidhi bibi shamba au bwana shamba wa wilaya yenu, mkimwomba azifikishe Taasisi ya Utafiti wa Kilimo kule Kizimbani, au kwa wataalamu wa mimea wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambao wana hifadhi ya sampuli kavu za kulinganishia. Na kabla ya hapo, mwambie wifi aisugue vizuri ile sufuria aliyochemshia, na maji yaliyobaki ayamwage shimoni mbali na kuku.